Hivi Hades wa Wagiriki ndo shetani wao au tunamsingizia tu?

jirani_wa_stendi

Wakuu habari za jioni, poleni na majukumu. Nina swali, wengine mtaliona la kitoto ila mwenzenu limenikalia kichwani tangu jumapili.

Nilikuwa na mpwa wangu ana miaka 9, anaangalia katuni ya miungu ya Kigiriki kwenye simu yangu (bando langu lakini sikulalamika), ikafika sehemu akatokea Hades, mwenye kuzimu yake, sura ya majivu, nywele zinawaka moto, anacheka kile kicheko cha watu wabaya. Dogo akanigeukia, "mjomba, huyu ndo shetani wao?" Nikajibu ndiyo, hata sikufikiri. Akakaa kimya kidogo af akarudi tena, "sasa mbona Zeus mfalme wa miungu ni mdogo wake, kwani Mungu na shetani mama yao mmoja?" Hapo nikajidai simu imeisha chaji.

Usiku nikaanza kusoma mwenyewe ndo nikavurugwa kabisa. Nilichoelewa mpaka sasa ni kwamba baba yao Kronos aliambiwa atapinduliwa na mwanae, akawa kila mtoto akizaliwa anammeza mzima mzima, kameza watano, wa sita ndo Zeus, mama yao Rhea akamficha kisiwa cha Krete na mume akapewa jiwe limeviringishwa nguo za kichanga akalibugia bila hata kutafuna. Baadae akatapishwa wote wakatoka, Hades akiwemo. Sasa mtu kamezwa na baba yake mzazi, katoka, kapigana vita upande wa ndugu zake, wakashinda, halafu anaishia kuwa shetani? Kosa lake lipi? Au kuna ukurasa nimeruka?

Naombeni lugha nyepesi, dogo anakuja tena jumapili hii.

kiti_cha_mbele

Kosa lake ni kupewa kazi isiyotakiwa na mtu. Huku kwetu kuna mzee anachimba makaburi, hajawahi kumkosea mtu yeyote lakini akikaa kwenye kahawa benchi linabaki na nafasi.

Naweka kambi hapa, wajuzi waje.

baharia_mstaafu

Mkuu hujaruka ukurasa, umesoma vizuri kuliko wengi. Mimi nimekaa Ugiriki miaka mingi kidogo kwa sababu ya meli, nikawa nazurura kwenye magofu siku za mapumziko maana bia za kule bei yake sio rafiki, kwahiyo haya mambo nimeyaokota njiani.

Kwanza hilo jiwe alilomeza Kronos, Wagiriki hawakuliacha hewani hivi hivi. Lilitoka la kwanza kwa kuwa ndo lilimezwa la mwisho, Zeus akaliweka Delphi, mji wao mtakatifu, na kuna msafiri mmoja anaitwa Pausanias aliyezunguka nchi nzima karne ya 2 baada ya Kristo akaandika kwamba alionyeshwa jiwe lenyewe pale Delphi, sio kubwa, wanalimiminia mafuta kila siku.

Sasa Hades. Baada ya kumshinda baba yao wale kaka watatu walipiga kura, sawa na mirathi. Ipo kwenye Iliad, utenzi wa Homer wa vita vya Troy, kitabu cha 15, Poseidon ndo anasimulia akiwa amekasirika Zeus anamtuma tuma, anasema mimi kura iliniangukia bahari, Hades likamwangukia giza la chini, Zeus anga, ila ardhi na mlima Olympus ni vyetu wote usinitambie. Umeona? Hakuna aliyetupwa chini. Shetani mnayemjua nyie aliasi akafukuzwa, huyu alishika kipande chake kwenye kura akashuka kwenda kazini na akatulia huko huko. Ndo maana kwenye orodha ya wale miungu wakuu 12 wa Olympus mara nyingi hayumo. Hajakosana na mtu, anaishi mbali tu.

Pili watu wanamchanganya na kifo chenyewe. Kifo ni mwingine, Thanatos. Anayekusindikiza ni Hermes mjumbe wa miungu, anayekuvusha mto ni Charon na ndo sababu maiti iliwekewa sarafu mdomoni, nauli hiyo. Hades unamkuta mwisho wa safari. Hata kuhukumu kuna watatu wanatajwa, Minos, Rhadamanthys na Aiakos. Na wale maarufu wa kuteswa, Sisyphus na jiwe lake lisilofika kileleni, Tantalus na maji yanayomkimbia, ukifuatilia kesi zao utakuta walimuudhi Zeus au miungu wote kwa pamoja, Hades kapelekewa wafungwa tu. Yan ni bwana jela. Hashawishi mtu atende dhambi, atashawishi ya nini wakati wote mtakuja tu.

Lakini kuogopwa aliogopwa kweli kweli. Jina lake walikwepa kulitaja, wakamwita Plouton, ndani yake kuna neno la utajiri, maana nafaka inatoka chini na madini yanatoka chini. Ni kama bibi alivyokuwa anatukataza kusema nyoka usiku, sema kamba. Hekalu nalo karibu hakuna, lililojulikana lilikuwa Elis huko huko Ugiriki, huyo huyo Pausanias anasema lilifunguliwa mara moja kwa mwaka na anayeingia ni kuhani peke yake, akakisia kwamba ni kwa sababu binadamu nae anashuka kwa Hades mara moja tu.

mtumishi_mwandamizi

Samahani baharia sikubaliani. Biblia ya Kigiriki imetumia neno hilo hilo hades, fungua Luka 16 yule tajiri yuko kuzimu anaungua anaomba tone la maji. Sasa kama kuzimu ni moto na mwenye kuzimu ni Hades, mwenye moto ni nani kama sio shetani? Tusipake rangi mapepo ya watu wa mataifa. Watoto wanaanza na katuni wanaishia kuvaa hirizi.

baharia_mstaafu

Mtumishi nakuheshimu ila hapo umeruka hatua, ngoja mwalimu aje maana lugha sio fani yangu.

mwl_wa_zamu

Nimeitwa nimefika. Nilikuwa nasahihisha madaftari.

Mtumishi uko sahihi kwenye jambo moja, neno ni hilo hilo. Wayahudi wa Alexandria walipoanza kutafsiri maandiko yao kwa Kigiriki, kama karne ya 3 kabla ya Kristo, walikuta neno sheol la Kiebrania, mahali wafu wote wanakokwenda, wema kwa wabaya, wakaona Kigiriki kina neno lake tayari, hades. Wakaliweka. Hawakuwa wanamtaja yule jamaa mwenye nywele za moto, walikuwa wanataja mahali, na hata Wagiriki wenyewe wakati huo walilitumia kote kuwili, jina la mtu na jina la mahali pake. Kwenye Mwanzo 37 Yakobo alipoambiwa Yusufu kaliwa na mnyama alisema atashuka kuzimu kwa mwanawe akiomboleza. Sasa Yakobo alikuwa anapanga kwenda kwa shetani?

Af nenda Ufunuo 20 mstari wa 14, mauti na kuzimu vinatupwa kwenye ziwa la moto. Yan kuzimu ndo inatupwa motoni, haiwezi kuwa ndo moto wenyewe. La moto wa milele Kigiriki kina neno lingine, gehena, sisi tumeandika jehanamu. Ni maneno mawili tofauti, na watafsiri wetu walikuwa makini wakayaacha mawili, sisi wasomaji ndo tumeyabandika pamoja. Na huyo tajiri wa Luka 16 anateseka ndiyo, lakini isome hadithi yote, shetani hajatajwa humo hata mara moja.

Na hili neno letu kuzimu, mlishawahi kulikalia chini? Ku-zimu. Ni ku ya mahali, kama kule, na zimu ile ile ya mzimu na mizimu. Kwa wazee waliolitumia kabla halijaingia kanisani ilikuwa ni kwa mizimu, kwa waliotutangulia. Babu yako yuko huko, na bibi. Haikuwa na mapembe wala uma wa kuchomea. Kwahiyo kama kuna watu duniani wenye neno linalokaa vizuri juu ya hades ya Homer basi ni sisi, bahati mbaya tukilisikia leo tunanusa moshi.

mtumishi_mwandamizi

Mwalimu hiyo ya Yakobo nitaiangalia. Ila katuni bado siruhusu nyumbani kwangu.

kiti_cha_mbele

Mwalimu umetisha 😂 "tunanusa moshi"

shangazi_mkali

Wanaume mmekaa mnamsafisha Hades kama mnamwombea dhamana, mbona yule binti hamumtaji? Persephone. Mbona mmenyamaza?

Jirani_wa_stendi nikuhadithie na wewe umhadithie mpwa wako kwa busara zako. Binti yuko mbugani na wenzie wanachuma maua, anaona ua moja zuri ajabu, anainama kulichuma, ardhi inapasuka, anatoka Hades na gari la farasi anambeba mtoto anapiga kelele. Sasa sikilizeni utamu wa ukoo. Mama wa binti ni Demeter, mungu wa nafaka, na Demeter ni dada yake Hades, walikaa wote tumboni kwa Kronos. Kwahiyo Hades ni mjomba wake. Baba wa binti ni Zeus, na Hades ni kaka mkubwa wa Zeus. Kwahiyo ni baba mkubwa wake pia. Mjomba na baba mkubwa ndani ya mtu mmoja, na ndo huyo bwana harusi. Na Zeus nae hesabuni wenyewe, baba na mjomba. Hiki kikao cha posa kingefanyika kwetu wangekaa upande gani wa mkeka?

Na kikao kilikuwepo jamani! Zeus alishatoa ruhusa kimya kimya. Mama wa mtoto hajaambiwa. Siku tisa Demeter anazunguka dunia na mienge mikononi, hali, hanywi, haogi, anauliza kila mtu na hakuna anayemwambia ukweli, mpaka Jua lenyewe, Helios, ndo likamwambia maana linaona kila kitu, na bado likamshauri eti atulie, mkwe sio mbaya ana cheo. Nilipofika hapo nilifunga kitabu kwanza nikapika.

Mama akajigeuza bibi kizee akafika mji wa Eleusis akakaa kisimani. Wakamchukua ndani, amejifunika, haongei. Basi kuna mhudumu wa mle ndani anaitwa Iambe akaanza kumtania, utani wa kweli kweli wa matusi kidogo, mpaka mfiwa akacheka, ndo akakubali kunywa kinywaji cha shayiri na mnanaa. Nyie wenzangu mliowahi kuona watani wakiingia msibani wanamwigiza marehemu na kudai deni lao mpaka mjane anacheka na machozi yako shavuni, mtajua Iambe alikuwa anafanya nini. Wasomi wameandika sana kuhusu hapo. Nikasema si ni mtani tu huyo!

Baada ya hapo ndo Demeter akagoma. Hakuna mbegu inayoota, watu wanakufa njaa, na miungu nao wanakosa sadaka. Zeus alipoona meza yake tupu ndo akakumbuka ana mtoto. Hermes akatumwa chini kumleta. Na Hades kabla ya kumruhusu akamlisha punje ya komamanga, ukila cha huko ni wa huko, kwahiyo theluthi moja ya mwaka anarudi kwa mume na theluthi mbili anakaa kwa mama. Shetani sio, nimewakubalia. Ila mwema pia msiniambie.

jirani_wa_stendi

Shangazi nimenyamaza kwa aibu, na mimi ndo mjomba hapa.

Ila kuna sehemu nilisoma kwamba kwa hawa miungu wote Hades ndo alikuwa mtulivu kwa mambo ya wanawake, Zeus ana watoto kila kijiji. Ni kweli?

shangazi_mkali

Ukilinganisha na Zeus hata jogoo ni mtulivu. Kuna binti anaitwa Minthe anatajwa alikuwa na Hades, Persephone alipojua akamkanyaga kanyaga chini, ukaota mnanaa. Kuna mlima karibu na Pylos ulibeba jina lake. Kila nikiweka mnanaa kwenye chai namkumbuka.

Ila nitamsifia kwa hili, binti hakubaki kuwa mateka. Ukisoma Odyssey, utenzi mwingine wa Homer kuhusu safari za shujaa Odysseus, ni "Persephone wa kutisha", malkia, Odysseus anakimbia kule kwa wafu kwa kuogopa *yeye* asije akamtumia kichwa cha Gorgon, lile dude la kutisha. Hamwogopi mume. Mke.

baharia_mstaafu

Shangazi umenikumbusha mbali. Huo mji wa Eleusis upo mpaka leo, unaitwa Elefsina, kama kilomita 20 kutoka Athens, na sisi mabaharia tunaujua kwa sababu nyingine kabisa. Ghuba yake imejaa meli mbovu, nyingine zimelala ubavu zinaoza, na pembeni kuna viwanda vya kusafishia mafuta. Niliwahi kukaa pale wiki kadhaa tunasubiri matengenezo. Barabara ya kutoka Athens mpaka leo inaitwa Iera Odos, Njia Takatifu, ndo hiyo hiyo walipita mahujaji kwa miguu kila mwaka kwenda kwenye ibada za siri za Demeter, leo imejaa gereji na maduka ya matairi.

Nikaenda jumamosi moja. Ukiingia ndani, kulia kwako kuna pango kwenye mwamba, wanaliita Ploutonion, la Plouton yaani Hades mwenyewe. Mimi nilitegemea shimo refu lenye upepo wa baridi. Ni dogo jamani, ni kama kibanda cha mlinzi, mwamba mweusi mweusi, nyasi mdomoni. Nilikaa pale nikala mkate wangu, nikasikia mashine za bandarini zinagonga chuma. Ndo lango la kuzimu hilo.

Lakini pale kwa karne nyingi waliingizwa kwenye hizo ibada watu wa kila aina, wanawake, hadi watumwa, mradi uwe unaelewa Kigiriki na mikono yako haina damu ya mtu. Kilichofanyika ndani kilikuwa siri, ukitoa siri unauawa, mwaka 415 kabla ya Kristo Alcibiades mkubwa wa Athens alishtakiwa kwa kuigiza zile siri kwenye karamu akatoroka asirudi kujibu kesi. Na walitoka pale wakisema hawaogopi tena kufa. Sasa niambieni, ukitoka nyumba ya shetani unatoka hivyo?

mtumishi_mwandamizi

Na zikaisha lini hizo siri?

baharia_mstaafu

Kaizari wa Roma Theodosius alipiga marufuku ibada za zamani miaka ya 390 baada ya Kristo, af mwaka 396 jeshi la Wagothi likiongozwa na Alaric likaja kubomoa kilichobaki. Umefurahi?

mtumishi_mwandamizi

Nimeuliza tu.

mwl_wa_zamu

Nimalizie upande wangu maana kengele itagonga. Jirani, lile swali la mpwa wako kwamba Mungu na shetani wanakuwaje ndugu ndo swali zuri kuliko yote kwenye uzi huu. Jibu ni kwamba kwenye ile nyumba hakukuwa na chumba cha shetani. Sisi tumezoea mema yana mwenyewe na mabaya yana mwenyewe. Kwa Homer haikuwa hivyo. Iliad kitabu cha mwisho, Priam mzee, mfalme wa Troy, amekwenda usiku kuomba maiti ya mwanae kwa Achilles aliyemuua, wanalia wote wawili, na Achilles anamwambia kwenye sakafu ya Zeus kuna mitungi, wa mabaya na wa mema, Zeus anachota anamchanganyia mtu, na mwingine anampa wa mabaya mtupu. Mabaya yanatoka kwa Zeus! Huko juu, penye mwanga. Hades mitungi hana.

Na huyo huyo Achilles baadae tunamkuta kwa Hades kwenye Odyssey, Odysseus anampongeza kwamba hata huku chini wewe ni mkubwa, anamjibu bora niwe kibarua shambani kwa maskini asiye na ardhi kuliko kuwa mfalme wa wafu wote. Hakulalamika anachomwa. Alilalamika hakuna kitu huko. Ndo kilichowatisha Wagiriki, kukosa jua.

kiti_cha_mbele

Hapo kwa kibarua nimetulia kama dakika tano hivi.

jirani_wa_stendi

Mrejesho wakuu. Dogo amekuja leo, nimemweleza kama mlivyonielekeza, kura ya ndugu watatu ameielewa haraka maana kwao wamegawana vitanda juzi na yeye kaangukia cha chini. Akasema basi Hades ni yeye. Habari ya Persephone nimeifupisha kwa heshima ya shangazi.

Tatizo limehamia kwa mbwa. Anataka kujua Kerberos, mbwa wa Hades mwenye vichwa vitatu, akiwekewa chakula bakuli moja kichwa kipi kinakula kwanza na kama vinagombana. Mjomba mtu nimekwama tena.

mwl_wa_zamu

Mwambie ashukuru ni vitatu. Hesiod, mshairi wa Kigiriki aliyeandika kabla ya wengi, kampa vichwa 50.

jirani_wa_stendi

Nimemwambia. Anavichora sasa hivi kwenye daftari la hesabu, yuko kwenye cha 17.